Wasomaji Wanauliza: Ufaransa na Ujerumani walipatanaje?

Toleo lililopita tulitaja kwamba Mwanza ni mji dada wa Würzburg, Ujerumani, tangu 1966. Barua zikamiminika. Tumechagua nne.

*Shikamooni wahariri. Nimesikia Würzburg ina dada mwingine Ufaransa. Mbona wanafunzi wangu nawafundisha kwamba mataifa hayo yaliuana? Nani aliwapatanisha?* — Mwalimu wa historia, Nansio, Ukerewe

Marahaba, mwalimu. Dada huyo ni Caen, mji wa Normandy. Undugu wao ulianza 1962, miaka minne kabla ya wetu. Wote wawili walijua kifusi: Caen ilibomolewa katika mapigano ya 1944, na Würzburg ikateketea kwa mabomu usiku wa 16 Machi 1945.

Na unafundisha sawa. Kati ya 1870 na 1945 walipigana vita vitatu, na jimbo la Alsace likawa linapokonywa huku na huku. Ila wanafunzi waelezwe pia kwamba upatanisho haukuanzia ikulu. Ludwigsburg ya Ujerumani na Montbéliard ya Ufaransa ziliungana kuwa miji dada mwaka 1950, miaka 13 kabla ya Mkataba wa Élysée, mkataba mkuu wa urafiki wa nchi hizo. Mwaka huo huo, tarehe 9 Mei, Robert Schuman, waziri wa mambo ya nje wa Ufaransa, alipendekeza makaa ya mawe na chuma vya nchi hizo viwekwe chini ya mamlaka moja. Silaha zilitengenezwa kwa chuma hicho. Ukikichunga pamoja na jirani, huwezi kujiandaa kwa vita kwa siri. Kuna na suala la Saar, jimbo la mpakani la Wajerumani lililokuwa chini ya Ufaransa baada ya vita: wakazi walipiga kura mwaka 1955 wakakataa mpango wa kuwa eneo la pekee chini ya uangalizi wa Ulaya, na 1 Januari 1957 jimbo likaingia Ujerumani Magharibi. Ufaransa ilikubali matokeo. Kwa maoni yetu, hapo ndipo urafiki ulipopimwa kweli, ingawa vitabu vingi vya shule hupapita haraka.

*Huo Mkataba wa Élysée unasema nini hasa? Kila andiko ninalosoma limejaa neno "urafiki" tu.* — Mwanafunzi, Nyegezi

Ukiusoma wenyewe utashangaa: ni ratiba ya vikao. Ulitiwa saini Paris tarehe 22 Januari 1963 na Rais Charles de Gaulle na Kansela Konrad Adenauer. Wakuu wa nchi wakutane angalau mara mbili kwa mwaka, mawaziri wa mambo ya nje kila miezi mitatu, wa ulinzi vivyo hivyo. Nguvu yake ni hiyo: hata viongozi wakinuniana, tarehe ya kikao inafika na lazima mtu aeleze kwa nini hakiendi. Oktoba 2022 baraza la pamoja la mawaziri liliahirishwa kwa sababu ya mivutano ya nishati na ulinzi. Ulaya nzima ikajua mambo si shwari. Likafanyika Januari 2023, siku ya miaka 60 ya mkataba.

Dosari zilikuwapo tangu mwanzo. Wabunge wa Ujerumani walipouridhia Mei 1963 waliongeza dibaji ya kusisitiza uhusiano na Marekani na NATO, jambo lililomuudhi de Gaulle, aliyetaka Ulaya isiyoegemea Washington. Sehemu ya ulinzi ikabaki imelegea kwa miaka mingi. Iliyochanua ni ya vijana. Shirika la vijana la nchi hizo mbili liliundwa 5 Julai 1963. Lina makatibu wakuu wawili, mmoja wa kila upande, na serikali zote mbili huchangia sawasawa. Vijana zaidi ya milioni 9 wamepitia humo. Televisheni ya pamoja, Arte, yenye makao Strasbourg, ilianza kurusha matangazo Mei 1992. Mkataba wa Aachen wa 22 Januari 2019 uliongezea mambo ya mipakani.

Kinacholegea ni kujifunza lugha ya mwenzako. Mwaka 2023 Ujerumani ilitangaza kufunga vituo vyake vya Goethe, vinavyofundisha Kijerumani, katika miji ya Ufaransa ya Bordeaux na Lille ili kubana matumizi.

*Kikundi chetu cha vijana Igoma kinaweza kuomba fedha za shirika hilo?* — Katibu wa kikundi

Ninyi wenyewe, hapana. Mwombaji ni taasisi ya Kifaransa au ya Kijerumani. Nchi ya tatu huingia kama mshirika. Kwa hiyo anzeni na taasisi iliyoko Würzburg, nayo itafute mwenzake Caen. Msiandike "tunaomba ufadhili". Andikeni mada, umri wa vijana, idadi yao, lugha watakayotumia na nani atatafsiri.

*Mjukuu wangu amealikwa Würzburg siku 12, kisha anataka kupita Caen siku 4. Achukue viza mbili?* — Bibi, Kirumba

Hapana, bibi. Viza moja ya Schengen, yaani kundi la nchi za Ulaya zilizoondoa ukaguzi wa kawaida mipakani kati yao, inatosha, na aiombe ubalozi wa Ujerumani Dar es Salaam kwa sababu huko atakaa zaidi. Siku zingelingana, angeomba kwa nchi atakayoingia kwanza. Pasipoti iwe imetolewa ndani ya miaka 10, ina kurasa 2 tupu na itabaki hai miezi 3 baada ya kuondoka Ulaya. Bima ya safari isipungue yuro 30,000. Ada ni yuro 90, hairudishwi. Aombe kati ya miezi 6 na siku 15 kabla ya safari. Jibu kawaida ni siku 15, ila linaweza kufika 45, kwa hiyo asingoje dakika za mwisho.

Wengi huangushwa na karatasi zinazopingana: mwaliko unasema siku 12 Ujerumani, hoteli zilizolipiwa ni usiku 13 Paris. Wengine bima yao huisha siku moja kabla ya ndege ya kurudi.

Uhuru huo wa kuvuka una chanzo ambacho wenye malori ya Sirari na Mutukula watakielewa: mwanzoni mwa 1984 madereva waliochoshwa na foleni za mipakani walifunga barabara, na 13 Julai mwaka huo Ufaransa na Ujerumani zikakubaliana, huko Saarbrücken, kulegeza ukaguzi kati yao. Mkataba wa Schengen ukafuata 1985. Hata hivyo, tangu Septemba 2024 Ujerumani imerejesha ukaguzi kwenye mipaka yake yote ya nchi kavu. Mjukuu akipanda treni kurudi kutoka Caen, pasipoti iwe mfukoni, isiwe kwenye begi la juu.