Udongo Ulikuwa wa Rangi Gani?

Juma lililopita nilipokea katika maabara yetu hapa Nairobi mifuko 14 kutoka uwandani, na mitatu kati yake haikuwa na kibandiko. Kijana aliyeileta, mwenye bidii na adabu, alinihakikishia kwamba anakumbuka vizuri kila mmoja ulitoka mraba gani wa uchimbaji. Nilimwonea huruma, kwa kuwa hata mimi niliwahi kuwa mtu wa kukumbuka. Kwa hiyo, wadogo zangu wanaakiolojia mnaokwenda kuchimba mabaki ya kale msimu huu, someni haya kabla hamjapakia miko na chekeche garini.

1. Kibandiko huandikwa kabla mfuko haujafungwa, kimoja ndani na kingine nje, kwa penseli.

2. Usichomoe kitu kinachochungulia ukutani mwa shimo, hata kikikuita kwa jina. Mgeni anayefika Olorgesailie, eneo la mabaki ya kale kwenye barabara ya Magadi, hukuta shoka za mkono za mawe zimelala palepale zilipofichuliwa, na linalomduwaza ni wingi wake mahali pamoja kuliko uzuri wa shoka yoyote. Louis na Mary Leakey, wanaakiolojia walioanza kazi pale miaka ya 1940, wangekuwa watu wa kuokota na kujaza makabati, leo tungekuwa na mawe mazuri tu, na hakuna ambaye angeweza hata kuuliza kwa nini yalirundikana hapo.

3. Soma udongo kwanza, vitu baadaye. Hapa sina budi kuungama.

Nilipokuwa mwaka wa tatu chuoni nilikabidhiwa mraba wangu wa kwanza katika pango dogo, tukichimba kwa viwango vya sentimita tano. Mzee aliyesimamia uchimbaji, ambaye alishika mwiko kabla sijazaliwa, alikuwa amekwenda matangani kwao kwa siku nne. Siku ya pili ya kutokuwepo kwake, kwenye kina cha sentimita 110, miongoni mwa vibanzi vya obsidiani, jiwe la volkano lililochongwa zana za kale, chekeche langu lilibakiza ushanga mmoja wa kioo, wa buluu, mdogo kama punje ya mtama. Nilipiga ukelele hadi mpishi akatoka jikoni na mwiko wake wa ugali. Kufikia chakula cha mchana nilikuwa nimekwisha kuisogeza biashara ya pwani na bara nyuma kwa maelfu ya miaka, na kufikia jioni nilikuwa nimechagua kichwa cha makala. Makaa yaliyokuwa kando ya ushanga niliyafunga kwa foili bila kuyagusa kwa mkono, kama tulivyofundishwa, na gari likayapeleka Nairobi yapimwe umri kwa kaboni 14. Nami nikaendelea kuchimba kwa furaha.

Mzee aliporudi hakuutazama ushanga. Alichuchumaa ukingoni akaniuliza, "Mwanangu, udongo hapa ulikuwa wa rangi gani?"

Nikamjibu kwamba ulikuwa wa kahawia.

"Wote?"

Nilifungua daftari. Kwa siku tatu mfululizo nilikuwa nimeandika "udongo wa kahawia", kwa mwandiko mzuri, na kitabu cha Munsell, cha kulinganishia rangi za udongo, kilikuwa bado kwenye mfuko wake. Alishuka shimoni, akaugusa ukuta wa kaskazini kwa ncha ya mwiko, na mwiko ukazama bila kusukumwa. Pale palikuwa na duara jeusijeusi, pana kama mdomo wa kikombe cha chai, lililopanda mshazari kuelekea juu. Lilikuwa tundu la fuko. Ushanga wangu ulikuwa umeshuka kwa njia ya mnyama, pamoja na makaa niliyoyatunza kwa heshima zote, ambayo majibu yake, yaliyokuja baada ya miezi na kulipiwa na mradi, yalisema ni ya karne chache tu. Kwa kuwa sikuwa nimelichora tundu lile wala kuuchimba udongo wake peke yake, hakuna aliyeweza tena kutenganisha kilichokuwa cha fuko na kilichokuwa cha tabaka. Mraba wangu umetajwa mara moja tu katika ripoti: "Viwango vya 21 hadi 23 vimevurugika."

Jicho nililolikosa siku ile ndilo lililotambua kaburi katika pango la Panga ya Saidi, kaunti ya Kilifi. Mifupa yenyewe ilikuwa dhaifu mno hata ikabidi bonge zima lifungwe kwa plasta, likaletwa Makumbusho ya Taifa hapa Nairobi, kisha likapelekwa Uhispania kufunuliwa taratibu. Humo alikutwa mtoto wa miaka miwili na nusu hadi mitatu, aliyezikwa miaka ipatayo 78,000 iliyopita, na watafiti wakampa jina la Mtoto. Sehemu kubwa ya ushahidi kwamba alizikwa na watu, wala hakufukiwa tu na mchanga, ni kwamba udongo uliojaza shimo ulitofautiana na tabaka lililolizunguka.

4. Tarehe ya maabara si aya ya msahafu. Tabaka la jivu la volkano liitwalo KBS, kule Koobi Fora, mashariki mwa Ziwa Turkana, lilipewa kwanza umri wa miaka milioni 2.6, na watu wazima wakagombana kwa miaka kadhaa, hadi meno ya nguruwe wa kale, yalipolinganishwa na ya bonde la Omo nchini Ethiopia, na vipimo vilivyorudiwa, vikaushusha hadi karibu milioni 1.9. Nguruwe walishinda.

5. Waheshimuni wachimbaji wazee. Kamoya Kimeu, mtafuta visukuku wa Kenya ambaye hakupitia chuo kikuu, ndiye aliyekiona mwaka 1984, huko Nariokotome, magharibi mwa Ziwa Turkana, kipande kidogo cha fuvu kilichofanana rangi na changarawe zilizokizunguka, na kipande hicho kikatufikisha kwa mvulana wa Turkana, mifupa ya mtu wa kale yenye umri wa miaka ipatayo milioni 1.5. Shahada zetu zingekikanyaga.

Ile mifuko mitatu bado iko mezani kwangu. Kijana aliyeileta nimemwita Jumatatu asubuhi, aje na daftari lake, na nimekwisha kumwambia swali nitakaloanza nalo.