Kasubi na Namugongo kwa siku moja

Ukijiuliza kama siku moja inatosha kuzuru makaburi ya kifalme ya Kasubi na mahali pa hija pa Namugongo ukiwa Kampala, ndiyo, inatosha. Ningeanzia Kasubi, kwa sababu Kabaka (mfalme wa Buganda) Mwanga wa Pili, ambaye kwa amri yake mashahidi wa Kikristo walichomwa moto Namugongo tarehe 3 Juni 1886, amezikwa hapo pamoja na baba yake, Mutesa wa Kwanza, na Makabaka wengine wawili. Ukikijua kisa hicho mapema, Namugongo utaielewa vizuri zaidi. Nimewapeleka wageni mara kadhaa kwa mpangilio huo. Kasubi utavua viatu kabla ya kuingia nyumba kuu, iliyojengwa upya baada ya kuungua mwaka 2010. Epuka tarehe 3 Juni, kwani mahujaji hufurika Namugongo.