Deni la mume wangu, cherehani zangu

Dalali wa korti alifika kwetu mtaa wa Umoja, Nairobi, kabla ya saa moja asubuhi, nikiwavalisha watoto sare za shule. "Mama, leo hatubebi kitu, tunaandika tu," akaniambia. Akaandika sofa, friji, televisheni, kisha akaingia chumba cha nyuma akaandika cherehani zangu tatu za umeme, zinazonilipia karo.

Baba watoto alikuwa amekopa laki nne za kuongezea duka lake la vifaa vya ujenzi. Akashindwa kulipa, akashtakiwa, hukumu ikatoka. Mimi sikuweka sahihi popote. Kwa hiyo nilidhani kumwambia dalali "hizi ni zangu" kungetosha. Hakukutosha. Yeye huona nyumba anayoishi mdaiwa na vitu vilivyomo. Kuthibitisha kipi ni cha nani ni kazi yako, tena kortini, si mlangoni.

Karatasi aliyoniachia ilitupa siku 7 za kulipa kabla vitu havijabebwa. Mbili nilizimaliza kwa kulia na kugombana na mume wangu. Dada yangu, usifanye hivyo. Siku hiyo hiyo mtafute wakili, umpe nakala ya hiyo karatasi. Wangu alipeleka korti ya Milimani pingamizi chini ya Amri ya 22, kanuni ya 51, ya Kanuni za Mwenendo wa Kesi za Madai za 2010, pamoja na hati yangu ya kiapo. Mtu yeyote anayedai mali iliyokamatwa kwa deni la mwingine ana njia hiyo, awe mke, mume au hata mpangaji mwenzio. Korti inaweza kusimamisha mnada kwa muda usiozidi siku 14, na anayedai deni akatakiwa aseme kama bado anaing'ang'ania mali hiyo.

Kilichoniokoa ni karatasi. Cherehani mbili nilizinunua dukani River Road: risiti ina jina langu, namba ya mashine, na tarehe iliyotangulia mkopo kwa miaka miwili. Taarifa ya M-Pesa ilionyesha pesa zikitoka kwenye simu yangu siku ile ile. Anayedai deni hakubishana sana. Ya tatu, ovaloki ya kushona kingo za nguo zisifumuke, niliinunua kwa jirani aliyekuwa akihamia mashambani. Nilimpa pesa mkononi, hatukuandikiana chochote. Ilienda mnadani, na hadi leo nikipata kazi ya kupiga ovaloki naipeleka kwa mwenzangu Kariobangi, namlipa.

Sheria ya Mali ya Ndoa ya 2013 inampa mke haki sawa na mume ya kumiliki mali, na ulichokuja nacho kwenye ndoa hakihesabiwi kuwa mali ya ndoa. Na nyumba mnayoishi haiwekwi rehani kihalali bila idhini yako, hata kama hati ina jina lake peke yake. Ukiletewa fomu usaini "ili mambo yaende haraka", isome kwanza. Ukisaini kama mdhamini, deni limekuwa lako na risiti zote hazitakusaidia.

Jambo moja nalisema kwa uzito: usikimbilie kuhamisha gari au shamba la mume kwa jina lako baada ya yeye kushtakiwa. Korti husoma tarehe. Ukikutwa na moja la uongo, hata vile vilivyo vyako kweli vitatiliwa shaka.

Baba watoto alikasirika, akafikiri najitayarisha kumwacha. Ilinichukua muda kumweleza kwamba cherehani zingeuzwa, watoto wetu wawili wangerudishwa nyumbani kwa karo, na deni lingebaki pale pale. Siku hizi akininunulia kitu, yeye mwenyewe humwambia mwenye duka aandike jina langu la kitambulisho. Namba ya mashine naipiga picha, naituma kwa barua pepe yangu na kwa simu ya dada yangu, kwa sababu faili la karatasi nalo linakaa humo humo nyumbani.