Mtoto wetu amefungwa kama mtu mzima: tuandamane?

SWALI: Assalaam alaykum Mhariri. Mtoto wa dada yangu ana miaka 16, lakini kwa kuwa hana cheti cha kuzaliwa, karatasi za kesi zimemwandika 19, na juzi amehukumiwa kifungo cha miaka 4 kwa kuvunja duka. Majirani wamekasirika, wamechora mabango yenye picha yake, na wanataka kuandamana hadi mahakamani. Je, sheria inaturuhusu? — Mama Mdogo, Malindi

JIBU: Waalaykum salaam, dada yangu. Ruhusa mnayo: Kifungu cha 37 cha Katiba ya Kenya kinampa kila mtu haki ya kuandamana kwa amani, bila silaha, mradi mkuu wa kituo cha polisi apewe taarifa kwa maandishi siku zisizopungua 3 wala kuzidi 14 kabla ya siku yenyewe. Lililo la dharura zaidi, hata hivyo, ni rufaa, ambayo muda wake ni siku 14 tangu hukumu kutolewa, na Mahakama Kuu iko hapo hapo Malindi.

Uzito wote wa rufaa hiyo uko kwenye umri, kwa sababu Sheria ya Watoto ya 2022 hairuhusu aliye chini ya miaka 18 kufungwa gerezani, na Kifungu cha 53 cha Katiba kinataka mtoto azuiliwe pale tu njia nyingine zote zimeshindikana, kwa muda mfupi iwezekanavyo, na atengwe na watu wazima. Tafuteni leo kadi yake ya kliniki, ile yenye tarehe za chanjo. Ikiwa imepotea, ombeni nakala ya daftari la shule au la madrasa alikoandikishwa, na wakili aiombe mahakama daktari ampime umri. Pwani yetu ina watoto wengi waliozaliwa nyumbani mikononi mwa wakunga, na kwangu mimi ni dhuluma kubwa mtoto kulazwa na wahalifu wazima kwa kukosa karatasi ambayo si yeye aliyepaswa kuitafuta.

Picha na jina lake viondoeni kwenye mabango, maana sheria inalinda faragha ya mtoto aliyeshtakiwa, naye kesho atarudi mtaani kutafuta kazi. Wala msimzomee hakimu, kwani hukumu aliyokwisha kuitoa sasa itapimwa na Mahakama Kuu. Sauti yenu ielekezeni Bungeni, ambako Kifungu cha 119 cha Katiba kinawaruhusu kupeleka ombi rasmi, mkidai kijana yeyote asiye na cheti asihukumiwe kabla umri wake haujathibitishwa.