Mashine ya jirani inatumwagia vumbi, tuanzie wapi?

Mkuu, umeuliza kama mwende polisi au mtafute wakili, maana mashine ya kukoboa mpunga iliyofunguliwa nyuma ya nyumba zenu inamwaga vumbi mpaka jikoni, na mtoto wa jirani yako hapumui vizuri. Sisi Ifakara tumeishi na jambo hilohilo, acha nikueleze lilivyokwenda.

Vumbi la pumba si la kulichukulia poa. Linawasha shingoni, linaingia machoni, na ukipitisha kidole kwenye mfuniko wa ndoo uliyoiosha asubuhi unatoka na unga wa kahawia. Pumba zikichomwa usiku ndiyo balaa zaidi, moshi unalala chini kwa chini hadi alfajiri.

Wengi mtaani walitaka barua iseme mashine ifungwe. Mtaa ukagawanyika papo hapo, kwa sababu vijana wetu ndio wanaobeba magunia pale, na kina mama wanaofuga kuku wanachukua pumba palepale. Mwenye mashine naye akapata la kusema: wananionea wivu. Kilichotusaidia ni kubadili dai. Bomba la pumba lielekezwe ndani ya chumba kilichofunikwa, mashine izimwe jioni, pumba zisichomwe mtaani, na kila jambo liwe na tarehe ya mwisho.

Mama mmoja alikuwa na daftari. Humo aliandika saa mashine ilipowashwa, upepo ulitoka wapi, nani kapelekwa zahanati. Hakuna aliyemtuma. Afisa mazingira alipokuja alilisoma lile kabla ya kutusikiliza sisi wasemaji.

Barua ipitieni kwa mwenyekiti wa serikali ya mtaa, nakala kwa mtendaji wa kata na afisa mazingira wa halmashauri, na nakala yenu igongwe muhuri wa kupokelewa. Bila muhuri mtaambiwa haijawahi kufika. Wakikaa kimya, nendeni NEMC, chombo cha taifa cha usimamizi wa mazingira, ofisi ya kanda. Mkaguzi wa mazingira anaruhusiwa kisheria kuingia na kuchukua sampuli. Mwulizeni pia kama mradi ule una cheti cha tathmini ya athari kwa mazingira, na kina masharti gani.

Sheria iko upande wenu. Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya 2004, kifungu cha 4, inampa kila anayeishi Tanzania haki ya mazingira safi, salama na yenye afya, na kifungu cha 5 kinamruhusu kwenda mahakamani kuidai. Lakini mahakama iwe ya mwisho. Pale Owino Uhuru, Mombasa, kiwanda cha kuyeyusha betri chakavu kilifungwa 2014. Hukumu ya kuwalipa wakazi fidia ya shilingi bilioni 1.3 za Kenya ikatoka 2020, Mahakama ya Rufani ikaitengua 2023, Mahakama ya Juu ikairudisha Desemba 2024. Aliyekuwa na miaka mitano kiwanda kikifungwa alishatimiza kumi na tano.

Na kuhusu tarehe nasisitiza kwa sababu ya Tabata. Wakazi walilishtaki jiji la Dar es Salaam kwa ajili ya jalala katika kesi ya 1988, wakashinda, halafu jiji likawa linarudi kuomba kuongezewa muda, mpaka Jaji Lugakingira alipokataa kwa hoja ya haki ya kuishi iliyo kwenye ibara ya 14 ya Katiba. Mchafuzi akishashindwa huomba muda, kwa hiyo makubaliano yasiyo na tarehe msiyasaini.

Kwetu bomba lilifungiwa na kuchoma kukakoma. Saa za jioni bado tunavutana, msimu wa mavuno mwenye mashine anazivuka.

Huyo mtoto mpelekeni hospitali leo, na mwombeni daktari aandike kwenye cheti kwamba anaishi jirani na mashine.