Kumrekodi Mtu Asiyetaka Kujulikana: Ninachojifunza kwa Jonas Poher Rasmussen

Wanaotaka kutengeneza filamu za hali halisi kuhusu matatizo ya jamii huniuliza kwanza wanunue kamera gani. Mimi huwaelekeza waitazame Flee, filamu ya mwaka 2021 ya mwongozaji wa Denmark, Jonas Poher Rasmussen, kwa sababu lipo swali linalotangulia kamera: anayekusimulia atabaki salama vipi baada ya watu kumsikia?

Msimulizi wa filamu hiyo, aliyepewa jina la Amin, aliikimbia Kabul akiwa mtoto, akapitia Moscow, akafika Denmark peke yake, na kwa miaka mingi aliogopa kusema ukweli kuhusu familia yake, kwani waliomvusha mipaka walikuwa wamempa hadithi ya uongo ya kuwaeleza maofisa. Rasmussen, rafiki yake tangu ujana, aliwahi kumwomba simulizi hiyo akajibiwa kuwa bado, naye akangoja miaka. Hatimaye sauti ya Amin ilitumika, lakini sura yake ikachorwa kwa katuni, na baadhi ya majina na mahali yakabadilishwa. Wengi husifu michoro (mwaka 2022 filamu iliteuliwa kuwania Oscar katika makundi matatu: hali halisi, katuni na filamu ya kimataifa), mimi nasifu zaidi kule kungoja.

Katika mahojiano Amin alilala chali, macho ameyafumba, akaombwa aeleze kwanza mahali alipo, kana kwamba mambo yanatokea sasa. Namna hii naitumia ninaporekodi simulizi za wanawake waliorudi kutoka kazi za ndani ughaibuni. Ukimwuliza mtu alivyoteswa, utapata maneno yale yale aliyokwisha kuwaeleza ndugu na polisi. Ukimwomba akueleze jiko alilopikia, dirisha lilitazama wapi na funguo zilikaa kwa nani, simulizi huja yenyewe, na mara nyingi huanzia kwenye hizo funguo. Ila tahadhari: anayekumbuka hivyo anaweza kufika mbali kuliko alivyokusudia. Kubalianeni mapema ishara ya kusimamisha, awepo karibu mtu anayemwamini, na ajue kwamba anaweza kukataa rekodi isitumike hata kesho yake.

Wala usidhani kuwa kufifisha uso kunatosha. Mitaani kwetu mtu hutambulika kwa sauti, kwa kicheko, kwa kanga aliyojifunga, kwa rangi ya mlango ulio nyuma yake. Kwa hiyo, kabla ya kuonyesha kazi kwa mtu mwingine yeyote, mketishe msimulizi mwenyewe aisikilize yote, akuonyeshe kila kitakachomtaja, maana yeye ndiye anayejua ni neno gani shangazi yake atalitambua mara moja. Neno hilo litoe, hata kama ndilo lililokufanya uipende simulizi yenyewe.