Kells bila kile kitabu
Umeuliza kuna faida gani kwenda Kells, mji wa Ayalandi, ilhali Kitabu cha Kells chenyewe, ile nakala ya kale ya Injili iliyopambwa kwa michoro, kiko Dublin tangu karne ya 17. Nenda, ndugu yangu! Mji ni mdogo, unauzunguka kwa miguu. Watawa walikimbilia hapo kutoka kisiwa cha Iona, huko Uskoti, baada ya Waviking, wavamizi wa baharini kutoka Skandinavia, kuua wenzao 68 mwaka 806. Ukifika uwanja wa kanisa, usogelee msalaba wa mawe ulio karibu na mnara mrefu wa mviringo. Utawaona Adamu na Hawa, halafu Danieli katikati ya simba, wamechongwa jiweni, na mvua ya miaka elfu moja haijawafuta. Kwangu mimi hapo ndipo penye utamu. Mnara nao una madirisha matano juu. Minara mingi ya aina hii Ayalandi ina manne.